Dawa na Masharti Yake

Leo tunasafiri. Hatuendi Mwanza wala Mombasa. Tunakwenda kwenye nyota, na tukipata nafasi tutapitia jana. Nazungumzia zile nadharia ambazo watunzi wa hadithi hubuni ili wahusika wao waruke umbali usiorukika na kuvuka miaka isiyovukika. Swali langu ni moja, nami nitalirudia mpaka ulichoke: nadharia ya kubuni, ambayo hata aliyeitunga anajua kwamba ameitunga, tuipime kwa kipimo gani? Wengi watajibu haraka kwamba tuipime kwa ukweli wake. Ikiwa safari hiyo haiwezekani, basi ni porojo tu. Sikubaliani nao. Mganga wa kwenye ngano zetu akimpa mtu dawa, humpa na masharti yake: usigeuke nyuma, usiseme na mtu njiani, usivuke mto kabla jua halijachwa. Hadithi yote imekaa kwenye masharti hayo, na dawa isiyo na masharti haina cha kusimuliwa. Ndivyo ninavyosema kuhusu nadharia hizi. Zina thamani pale zinapokubali kufungwa, pale zinapoweza kumwambia hata mtunzi wake mwenyewe: hapa hupiti.

Tuanzie mwaka 1895, London. Mwaka huo Mwingereza H. G. Wells alichapisha riwaya fupi iitwayo The Time Machine. Watu walikuwa wameshasimulia safari za wakati kabla yake, lakini kwa njia gani? Mara nyingi mtu alilala usingizi mzito akaamka baada ya miaka mingi, au aliota, au alibebwa na jini. Wells alifanya jambo jingine. Kabla chombo hakijaondoka, aliwakalisha wageni baada ya chakula cha jioni akamwacha mwenyeji wao atetee hoja. Hoja yenyewe unaweza kuifuata hata ukiwa unachambua mchele. Chukua sanduku. Lina urefu, lina upana, lina kimo. Je, linaweza kuwapo sanduku lenye vyote hivyo lakini lisilodumu hata kufumba na kufumbua? Haliwezi. Basi kudumu nako ni kipimo, kipimo cha nne, na ikiwa katika vile vitatu tunakwenda na kurudi, kwa nini cha nne kitukatalie? Wageni wanabisha, naye anawajibu kwamba hata kwenda juu kulitushinda mpaka yalipopatikana maputo. Unaweza kuikataa hoja hiyo, lakini ni hoja, ina pa kushikwa na pa kupingwa.

Na hapa Kiswahili nacho kina lake la kusema. Sikiliza tunavyozungumza: wiki ijayo, mwaka uliopita, siku zijazo. Nani anatembea hapo? Wakati ndio unaotembea. Sisi tumekaa barazani, siku zinatujia, zinatupita, zinakwenda zao. Wells aliigeuza picha hiyo chini juu, wakati ukatulia kama barabara na mtu ndiye akawa mwendaji. (Marehemu Profesa John Mbiti wa Kenya, katika kitabu chake cha mwaka 1969, alichukua maneno yetu mawili, sasa na zamani, akayafanya istilahi za falsafa, akidai kwamba katika fikra za jadi za Kiafrika wakati unarudi kuelekea zamani na wala haukimbilii mbele. Wengi wamembishia, nami nimo, lakini hilo tuliache kwa siku nyingine.) Miaka 10 baada ya riwaya ya Wells, mwaka 1905, Albert Einstein alitoa nadharia yake ya uhusianifu, na mwaka 1908 mwanahisabati Hermann Minkowski akaonyesha kwamba nadharia hiyo inasomeka vizuri zaidi ukishona nafasi na wakati pamoja, kitambaa kimoja chenye vipimo vinne. Simwambii mtu kwamba Einstein aliyapata kwa Wells. Ninachosema ni kwamba mtunzi wa hadithi alijitungia sharti, kuwa wakati ni kipimo kama vipimo vingine, na sharti hilo likaja kuonekana si la kipuuzi.

Sasa pengine unauliza, je, safari ya wakati yenyewe ipo? Ipo, msikilizaji, na umeifaidi leo. Kama umeita bodaboda kwa simu, simu yako ilijua ulipo kwa kusikiliza setilaiti zilizo juu sana, na kila setilaiti imebeba saa. Saa hizo, kwa kuwa ziko mbali na uvutano wa dunia, huenda mbio kuliko za kwetu. Na kwa kuwa zinakimbia, huchelewa kidogo. Ukizijumlisha sababu hizo mbili, saa ya angani hutangulia ya ardhini kwa takriban sehemu 38 za milioni za sekunde kila siku. Ni kidogo, sivyo? Lakini mafundi wasingelirekebisha jambo hilo, ndani ya siku moja ramani yako ingekosea kwa kilomita kadhaa, na bodaboda angekutafuta wilaya nyingine. Mwaka 1971 Wamarekani wawili, Joseph Hafele na Richard Keating, walipakia saa za atomu kwenye ndege za kawaida za abiria, wakaizunguka dunia kuelekea mashariki, kisha magharibi. Waliporudi, saa zao hazikukubaliana na zilizobaki nyumbani, na tofauti ilikuwa ile ambayo nadharia ilitabiri. Naye mwanaanga Mrusi Gennady Padalka, aliyekaa angani kwa jumla ya zaidi ya siku 870, amezeeka pungufu, kwa sehemu ndogo mno ya sekunde, kuliko ambavyo angezeeka nyumbani. Huyo ni msafiri wa wakati wa kweli. Ametangulia mbele kidogo, kwa kiasi kisichomtosha hata kupiga chafya.

Kwenda mbele, basi, kunakubalika. Kazi iko kwenye mambo mawili mengine: kufika mbali, na kurudi nyuma. Tuchukue umbali kwanza. Chombo cha Voyager 1, kilichoondoka mwaka 1977, kinakwenda takriban kilomita 17 kila sekunde. Kwa mwendo huo ungetoka Dar es Salaam na kufika Arusha kabla hujahesabu hamsini. Lakini kingeelekezwa kwenye nyota iliyo jirani yetu kuliko zote baada ya jua, kingetumia zaidi ya miaka 70,000. Mtunzi anayetaka shujaa wake afike kwenye nyota akiwa bado na meno anahitaji njia ya mkato. Na hapo ndipo tofauti inapojitokeza kati ya mtunzi na mtunzi. Wa kwanza anasema: chombo chetu kina kasi ya ajabu, twende. Huyo ametupa zulia linaloruka la Alfu Lela u Lela, nami silidharau zulia hilo hata kidogo, maana halijawahi kujiita sayansi. Wa pili anakwenda kugonga mlango wa mwanafizikia na kuuliza: nikitaka kupita hapa, nitatozwa nini?

Mwaka 1985 mlango uligongwa kweli. Mgongaji alikuwa Carl Sagan, mwanaastronomia Mmarekani, aliyekuwa anamalizia riwaya yake iitwayo Contact. Katika mswada wake, shujaa, mwanamke mwanasayansi, alitumbukia kwenye shimo jeusi karibu na dunia akaibukia jirani na nyota ya Vega, takriban miakanuru 25 kutoka hapa. Shimo jeusi ni nini? Ni mahali ambapo uvutano umezidi hata mwanga hautoki. Na hapa niruhusu nichepuke kidogo, kwa sababu mambo haya si ya mbali nasi kama tunavyodhani. Tarehe 12 Desemba 1970, siku Kenya ilipoadhimisha miaka 7 ya uhuru wake, setilaiti ya Marekani ilirushwa kutoka San Marco, jukwaa la Waitaliano lililosimama baharini karibu na Malindi. Kwa heshima ya siku hiyo iliitwa Uhuru. Jina la Kiswahili, msikilizaji, juu ya setilaiti ya kwanza kutengenezwa mahususi kwa kuchunguza miale ya eksirei kutoka angani. Miongoni mwa ilivyovichunguza kimo kitu kinachoitwa Cygnus X-1. Uhuru ilionyesha kwamba miale yake inapepesa harakaharaka, ndani ya sekunde moja. Kwa nini hilo lina uzito? Fikiria kijiji kinachopashana habari kwa mdomo. Kikiwa kikubwa hakiwezi kuzima taa zake zote kwa mkupuo, maana habari inahitaji muda kufika upande wa pili. Kinachopepesa haraka lazima kiwe kidogo. Na kitu kidogo kikionekana pia kuwa na uzito mkubwa mno, wanaastronomia wakaanza kusema, huenda ndilo shimo jeusi lenyewe. Miaka michache baadaye mwanafizikia Mwingereza Stephen Hawking aliweka dau na mwenzake Mmarekani Kip Thorne, Hawking akisema silo, Thorne akisema ndilo. Mwaka 1990 Hawking alikubali kwamba ameshindwa.

Huyo Kip Thorne ndiye ambaye Sagan alimgongea. Naye jibu lake lilikuwa nini? Hupiti. Tangu mwaka 1935 Einstein na mwenzake Nathan Rosen walikuwa wameonyesha kwamba hesabu za uhusianifu zinaruhusu kitu kama daraja la kuunganisha sehemu mbili za mbingu, lakini mwaka 1962 wanafizikia Robert Fuller na John Wheeler walipiga hesabu wakaona kwamba daraja la namna hiyo hujifunga haraka kuliko mwanga unavyoweza kulivuka. Shujaa wa Sagan angekufa kabla ya sura inayofuata. Angekuwa mtu mwingine, angeishia hapo. Thorne aligeuza swali. Hakuuliza tena maumbile yametupa mlango gani. Alianza na mlango wenyewe, mlango ambao binadamu anaweza kuupita na kurudi salama, akauliza hesabu zinadai nini ili mlango huo ubaki wazi. Alianza na safari, akatafuta masharti. Picha yake wanaieleza kwa tunda: funza aliye juu ya embe, akitaka kufika upande wa pili, ana njia mbili, kuzunguka ganda lote au kutoboa katikati. Njia ya kutoboa ni fupi, na ndiyo maana wanafizikia huliita daraja kama hilo tundu la mdudu. Sharti lililotokea kwenye hesabu lilikuwa zito: kuta za tundu zitegemezwe na kitu chenye nishati hasi, kitu kinachosukuma pale ambapo maada ya kawaida huvuta. Je, kipo? Kwa kiasi kidogo mno, ndiyo: mwaka 1948 Mholanzi Hendrik Casimir alionyesha kwamba kati ya mabamba mawili ya chuma yaliyokaribiana sana nishati hushuka chini ya ile ya uwazi mtupu. Kwa kiasi cha kumpitisha mtu, hakuna ajuaye pa kuipata. Sagan alilipokea sharti, akalitoa shimo jeusi na kuweka tundu, na riwaya ikatoka mwaka huohuo wa 1985.

Mwaka 1988 Thorne na mwanafunzi wake Michael Morris walichapisha makala ya matundu hayo katika jarida la Marekani linalosomwa na walimu wa fizikia, na katika kichwa cha makala walisema wazi kwamba ni nyenzo ya kufundishia. Mwanafunzi anayepewa kazi ya kubuni tundu linalopitika lazima azijue hesabu za Einstein vizuri kuliko yule anayepewa za kukariri. Nadharia ya kubuni ikaingia darasani, na iliingia kwa sababu ilikuwa na masharti. Zulia linaloruka lisingeingia. Ungempa mwanafunzi zoezi gani juu ya zulia?

Najua mtaniambia, hiyo ni bahati tu. Sagan hakuvumbua kitu, hesabu zilikuwapo tangu zamani, na sayansi ingefika hapo bila hadithi. Ni pingamizi zuri, na nusu yake naikubali. Hadithi haikutoa hata mlinganyo mmoja. Lakini jiulize, kati ya mwaka 1962 na 1985 hesabu hizo zilikuwa kabatini. Kwa nini karibu hakuna aliyeuliza swali la Thorne? Kwa sababu mwanafizikia mwenye heshima zake hakuwa na sababu ya kuuliza jinsi ya kumpitisha mtu na mkoba wake. Mtunzi alikuwa nayo. Na jambo hilo halikutokea mara moja tu. Mwaka 1994 Miguel Alcubierre kutoka Meksiko, akifanya kazi Cardiff huko Wales, alichapisha hesabu za chombo kisichokimbia kabisa: nafasi iliyo mbele yake inakunjwa, ya nyuma inakunjuliwa, nacho kimetulia katikati kama abiria wa kivuko. Fikra hiyo, na hata neno alilolitumia, vinatoka kwenye tamthilia ya televisheni ya Star Trek, iliyoanza mwaka 1966. Na hesabu zake zilidai nini? Nishati hasi, tena! Milango miwili, mlinzi yuleyule. Kwangu mimi huo ni ushahidi kwamba kuna jambo la kweli pale mlangoni, hata kama hatutapita kamwe.

Pingamizi la pili linatoka upande wa wasimulizi. Masharti mengi, wanasema, huiua hadithi. Mtu amekuja kuburudika, unampa somo la hesabu. Nao wana mfano, kwa sababu ziko riwaya ambazo nusu yake ni mhadhara. Lakini tazama filamu ya Interstellar ya mwaka 2014, ambayo Thorne aliishauri. Aliweka masharti mawili: pasivunjwe sheria yoyote ya fizikia iliyothibitika, na makisio yote yachipuke kwenye sayansi halisi. Mwongozaji Christopher Nolan alitaka mahali fulani mtu aushinde mwanga kwa kasi; walibishana kwa siku kadhaa, Nolan akaachia. Kisha yeye naye akatoa sharti lake: awe na sayari ambayo saa moja hapo ni sawa na miaka 7 duniani. Thorne alidhani haiwezekani. Akaenda akapiga hesabu, akarudi: inawezekana, ikiwa sayari inalizunguka kwa karibu shimo jeusi linalojizungusha kwa kasi inayokaribia kikomo chake. Kwenye filamu sharti hilo limezaa nini? Baba anakawia saa chache kwenye sayari ya maji. Anarudi chomboni anakuta watoto wake wamekua watu wazima, wamemtumia salamu za miaka 23 na mwishowe wengine wamekata tamaa. Mtazamaji asiyejua chochote cha uhusianifu analia. Machozi hayo yametoka kwenye hesabu. Dawa imefanya kazi kwa sababu ilikuwa na masharti.

Imebaki safari ya kurudi nyuma, na hapa pingamizi ni kali kuliko yote. Kama safari hiyo inawezekana, wageni kutoka siku zijazo wako wapi? Hawking aliifanyia mzaha wa kifundi: mwezi Juni mwaka 2009 aliandaa tafrija, akapanga vinywaji, akakaa kusubiri, kisha baada ya tafrija kwisha ndipo akatangaza mwaliko. Hakufika mtu. Kabla ya hapo, mwaka 1992, alikuwa ametoa wazo kwamba huenda sheria za fizikia zenyewe hushirikiana kuuzuia wakati usipindwe ukarudi ulikotoka. Wazo hilo halijathibitishwa. Lakini nadharia ya matundu ina jibu lake, na jibu hilo nalo ni sharti. Thorne, Morris na Ulvi Yurtsever walionyesha, pia mwaka 1988, kwamba ukichukua mdomo mmoja wa tundu ukaupeleka mbio na kuurudisha, saa za midomo miwili hazitalingana tena, na anayeingia upande mmoja anaweza kutokea upande wa pili mapema kuliko alivyoingia. Ila hawezi kurudi nyuma zaidi ya siku tundu lenyewe lilipogeuzwa kuwa chombo cha wakati. Ni kama barabara: huwezi kuipita kabla haijajengwa. Kama hakuna aliyekijenga chombo hicho mpaka leo, hakuna mgeni wa kumtarajia leo. Angalia sharti moja lilivyofanya kazi mbili, limeifunga hadithi na papo hapo limeikinga na swali lililotaka kuiua. Mtunzi aliyempeleka shujaa wake kwa Mafirauni bila kuuliza hana kinga hiyo.

Nitasema neno gumu kidogo kabla muda haujanitupa mkono. Siku hizi kwenye simu zetu zinazunguka video za watu wanaodai kwamba wametoka mwaka fulani ujao, au kwamba serikali fulani inaficha lango la nyota, na wote wanatumia neno hilihili, nadharia. Wanatofautianaje na Sagan? Si kwamba yeye alisema kweli nao wanasema uongo. Yeye naye alibuni. Tofauti ni kwamba ukiwauliza wao ni kitu gani nadharia yao inakataza, hawana. Utabiri ukishindwa, wanasema historia imebadilika. Ushahidi ukikosekana, umefichwa. Kila kitu kinawapitisha, hakuna mlango unaowafungia. Nakiri pia kwamba kipimo changu hakitoshi peke yake, maana iko michezo ya kadi yenye kanuni ngumu ambayo haijamfundisha mtu chochote kuhusu mbingu. Masharti yenye uzito ni yale yaliyokopwa kwa mwenye mali, yaani kwa maumbile yenyewe, ambaye hudai deni lake hata kwenye riwaya.

Muda wetu umekwisha, msikilizaji, na mafundi wananionyesha saa. Tukijaaliwa tutakutana tena wiki ijayo, saa kama hii. Mimi nitakuwa hapahapa naisubiri ije.